Cherehani Iliyobaki Kituoni

Fundi alikuwa anashona sketi ya shule kwa mkono. Vidole vilimuuma. Cherehani yake ilikuwa katika kituo cha polisi mwezi wa pili sasa, imebandikwa karatasi yenye namba.

Ilifikaje huko? Ni hasira za mumewe. Walibishana, maneno yakazidi, mume akaibamiza cherehani sakafuni. Gurudumu likavunjika. Fundi hakulaza damu. Alikwenda kituoni, polisi wakaichukua cherehani kama ushahidi, mume akashtakiwa kwa kuharibu mali, akapewa dhamana. Baadaye wazee wa pande zote mbili wakawakalisha. Mume akaomba radhi huku analia. Fundi akasamehe, tena kwa moyo wote.

"Basi, yamekwisha," mume alisema. Siku ya kesi ilipofika, akaenda zake kazini, hana hili wala lile.

Siku tatu baadaye, saa nne asubuhi, askari alibisha hodi.

"Mzee yupo?"

"Yuko kazini. Kuna nini, afande?"

"Hakufika mahakamani. Hakimu ametoa hati akamatwe."

Askari alipoondoka, Fundi alimpigia mumewe simu, kisha akakimbilia kwa jirani. Jirani huyo alikuwa karani wa mahakama mpaka alipostaafu. Mtaa mzima ulimwita Bibi Karani. Alimkuta kwenye benchi, anachambua maharage.

"Bibi, wanataka kumkamata mume wangu! Na sisi tumeshapatana!"

"Mmepatana nyumbani. Hakimu kaambiwa na nani?"

Fundi akaketi kando yake.

"Au mlitaka aote?" Bibi aliweka sinia kando. "Sikia, mwanangu. Ukishapeleka shitaka, kesi si yako peke yako tena. Inaendeshwa na serikali, na wewe ni shahidi. Kesi hufungwa mahakamani. Nendeni leo hii, msingoje kufuatwa. Mumeo aeleze kwa nini hakufika. Wewe mwone mwendesha mashtaka, umwambie mmepatana. Mwandike makubaliano yenu, wazee watie sahihi."

"Wakikataa?"

"Wanaweza kukataa. Kosa kubwa, kama kumjeruhi mtu vibaya, halifutwi kwa sababu tu mmepatana. Hili lenu lina nafuu. Ila hakimu atakuuliza swali. Usijibu la mumeo wala la wazee. Jibu la kwako."

Walikwenda mchana ule ule, karatasi yenye sahihi za wazee mkononi. Hakimu alimwonya mume vikali kwa kutofika, mpaka jasho likamtoka. Kisha akamgeukia Fundi.

"Mama, kuna mtu aliyekulazimisha kusamehe?"

Fundi alimtazama mumewe. Mume alitazama chini. Mbele ya wazee Fundi hakupata nafasi ya kusema, maana wazee walisema wao.

"Hapana, mheshimiwa. Nimesamehe mwenyewe. Lakini nataka haya. Cherehani yangu aitengeneze. Na akikasirika, atoke nje kwanza."

"Umesikia?" hakimu alimuuliza mume.

"Nimesikia, mheshimiwa. Nakubali."

Maneno hayo yaliongezwa kwenye makubaliano. Mwendesha mashtaka akaomba shitaka liondolewe, hakimu akaridhia. Hati ya kukamatwa nayo ikafutwa. Fundi aliomba nakala ya uamuzi, akaikunja vizuri akaitia kwenye mkoba.

Polisi waliiachia cherehani, ikarudi nyumbani begani kwa mume. Alitafuta gurudumu jipya, akalifunga mwenyewe, akatia mafuta. Fundi alifurahi mpaka akashona sketi tatu siku moja.

Mwezi ulipita. Jioni moja wakabishana tena, safari hii juu ya redio. Sauti ya mume ikapanda. Bila kufikiri, Fundi aliikumbatia cherehani yake kwa mikono miwili.

Mume akaiona ile mikono. Akafungua mlango, akatoka, akaenda kukaa kwenye benchi la Bibi Karani.

Bibi alimsogezea sinia la maharage.

"Chambua," akasema.

Alichambua sinia zima. Aliporudi nyumbani, Fundi alikuwa anashona.