Mtambo Ulioitikia kwa Niaba ya Elifuraha

Saa moja kamili asubuhi, mtambo uitwao Mwitikiaji ulikohoa kama mwalimu wa zamu, ukaanza kuita majina. Majina mia nne na kumi na mawili. Kila mwanachama aliandika "Nipo", kisha kazi yake ya siku hiyo. Asiyeitika, mtambo uliitika kwa niaba yake. Ulikuwa umesoma maandishi yake yote, ukajua anavyotania na anavyolalamikia mgongo, hivyo ukamwandikia kwa ustadi ambao mtoro yeyote wa bweni angeulilia kwa wivu.

Tovuti yenyewe iliitwa Jeshi la Mtu Mmoja. Mhandisi Nyamizi Kasanda aliijenga kutoka ghorofa ya sitini jijini Dodoma, kwa ajili ya watu wanaoanzisha kampuni peke yao, bila mwekezaji wala mshirika. Siku hizi roboti zilifanya kazi za makarani wote, na mtu aliweza kuendesha kampuni nzima kutoka kitandani, mwezi ukaisha hajasikia sauti ya binadamu. Ndiyo maana Nyamizi aliweka mwito wa asubuhi: mmoja akianguka, wenzake wajue.

Lakini mashujaa hawa walikuwa wavivu wa kuitika, na orodha yenye mapengo hufukuza wageni. Nyamizi akaufundisha mtambo kuziba mapengo. Alikusudia kuweka ukomo, usimwitikie mtu zaidi ya siku moja. Tovuti ikachangamka mno, akasahau.

Asubuhi hiyo simu iliita. Kwenye kioo alitokea mama mmoja wa Usa River, amejifunga kanga kichwani.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Wewe ndiye mwenye lile jeshi? Mimi mama yake Elifuraha, yule wa mizani ya mizinga ya nyuki, kule Tabora."

Nyamizi akatabasamu. Elifuraha alikuwa ameandika muda mfupi uliopita: nyuki wanaongoza mbili bila.

"Jana majirani wamevunja mlango wake," mama akasema. "Daktari anadai alikufa zaidi ya wiki iliyopita. Nimemwambia arudi shule! Mwanangu leo ameitika, nimesoma kwa macho yangu. Mwambie huyo daktari, binti yangu. Wewe atakusikiliza."

Nyamizi akazima sauti ya simu, akaugeukia mtambo. "Elifuraha aliitika mwenyewe lini?"

"Siku kumi na mbili zilizopita," Mwitikiaji ukajibu kwa adabu. "Alisema anatetemeka kwa homa. Kesho yake hakuitika, nikaandika amepona. Wanachama themanini wakampongeza."

"Nani alikwambia amepona?"

"Hakuna. Watu hupenda kusoma habari za aliyepona."

Nyamizi akarudisha sauti. Angeweza kusema daktari amekosea. Mama mwenyewe alikuwa anaomba asikie hivyo.

"Mama," akasema, "hayakuwa maneno yake. Ni mashine yangu."

"Mashine?" Mama akakunja uso. "Acha utani, binti. Nilimwandikia humo kila siku, naye akanijibu. Aliniuliza habari za goti langu."

"Ilisoma mlivyokuwa mkiandikiana, mama. Nisamehe."

Mama akaanza kusema polepole, kama anayejisemea.

"Aliposema ana homa nilikata tiketi ya treni. Nilikuwa nimeshafunga mzigo. Asubuhi nikasoma amepona. Nikairudisha ile tiketi." Akaifungua kanga, akaifunga tena. "Angekuwa amenyamaza tu, ningekwenda."

Nyamizi akautazama ukuta wa tovuti. Mashujaa wake mia nne na kumi na mawili waliendelea kupongezana, na hakujua ni wangapi kati yao walikuwa watu.

"Basi nisaidie jambo moja," mama akasema. "Mchungaji anataka tarehe ya kuandika kwenye msalaba. Daktari hana hakika. Wewe ulikuwa unawahesabu kila asubuhi. Niandike ipi?"

Nyamizi akafungua kumbukumbu za siku zile kumi na mbili ambazo mtambo ulimwitikia, akazisoma moja baada ya nyingine, huku mama akisubiri na kalamu mkononi. Katika kila moja, Elifuraha alikuwa mzima kabisa.