Mfupa wa Kuazima

Haya sikusimuliwa na mtu wa pembeni. Yalimpata shemeji yangu Elimringi, mume wa mdogo wangu Celina, aliyekuwa na duka la vyombo vya jumla Kariakoo. Mimi nauza vitenge, milango miwili kutoka pale. Siku hizi dukani kwake wanauza mapazia.

Elimringi hakuwa mtu mbaya, ila alikuwa mtu wa biashara mpaka usingizini. Ningesema kivuli chake mwenyewe angekipangisha kama angepata mpangaji. Asubuhi hiyo tulikuwa tumeshakunywa chai, yeye anabishana na mteja wa Mbeya kuhusu sufuria, mimi nakunja vitenge. Zakayo, mpagazi wetu wa miaka yote, akaja na maboksi ya sahani kichwani. Akakanyaga maganda ya miwa. Mguu ukaenda huku, mwili kule, na mfupa ukatoka nje ya ngozi.

Nasema kweli, na marehemu anisamehe: Elimringi alizitazama sahani kwanza.

"Msinipeleke hospitali, Mangi," Zakayo alimlilia Elimringi; ndivyo wapagazi walivyomwita. "Nipelekeni Ilala, kwa Bibi Mboni."

Tukampakia kwenye guta la matairi matatu mpaka Ilala. Bibi Mboni alikuwa mwanamke wa Newala, mwembamba, mkali kama pilipili, donge la ugoro limetuna mdomoni. Alikaa chumba cha uani, na sufuria yake ya mafuta ilikuwa inachemka jikoni nje. Kidole chake cha mwisho mkono wa kushoto kilikuwa kimepindia nyuma kabisa.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Kuku yuko wapi?"

Hakuuliza jina wala ajali. Aliuliza kuku. Elimringi akatoa hela, kuku akaletwa. Bibi akamtazama Zakayo usoni, akamuuliza jina, akalitaja, kisha akamshika kuku mguu na kuuvunja kama mtu anavyovunja muhogo. Kuku akapiga kelele. Palepale Zakayo akanyamaza. Bibi akaurudisha mfupa ndani kwa gumba, akapaka mafuta, akafunga na vijiti vya mianzi.

Mimi, kwa umbea wangu, nikamwokota yule kuku. Nikaushika mguu wake uliovunjwa. Ulikuwa mlaini wote. Ndani hamkuwa na mfupa.

"Bibi, haya mafuta unauzaje?" Elimringi aliuliza.

"Siuzi."

"Kila kitu kina bei, bibi yangu."

"Bei ipo." Akamwonyesha kile kidole. "Bibi yangu alinivunja hiki, ndipo akanipa. Mfupa hauungwi bure, mwanangu, unaazimwa. Na anayedaiwa ni mwenye dawa. Mimi nalipa kwa kuku, kabla sijapaka. Wewe utalipa kwa nini?"

Elimringi akacheka. Simu yake ilikuwa mfuko wa shati, kamera imechungulia nje, inarekodi. Ilichukua majani, mizizi, jinsi ya kuchemsha, kila kitu. Sehemu ya kuku aliifuta baadaye. Aliniambia hizo ni imani za watu wa Kusini.

Zakayo alirudi kubeba mizigo mapema kuliko alivyotazamia mtu yeyote. Na kabla masika hayajaisha, dukani kwa Elimringi palikuwa na chupa. Ndogo, kijani, na kwenye karatasi yake picha ya binti yake akicheka, pengo mbele. Mafuta ya Nice. Nice alikuwa darasa la pili, mtoto wa pekee, kipenzi chetu sote. Elimringi aliipeleka dawa ofisi ya usajili kule Posta, mjini kati, akaiandikisha kwa jina la huyo mtoto. Ndivyo wanavyofanya kwao Machame. Duka linaitwa jina la mtoto, kiwanja kinaandikwa jina la mtoto, maana ndugu wakija na tamaa zao, mali ya mtoto hawaigusi.

"Shemeji, uliomba ruhusa?" nilimuuliza.

"Niombe kwa nani? Maarifa hayana mwenyewe mpaka mtu aandikishe. Bibi alikuwa na miaka yote hiyo, nani alimzuia?"

Nikarudi kwenye vitenge vyangu. Jibu nalitafuta hata leo.

Ila kuandikisha hakukumtosha. Alisikia Bibi Mboni bado anachemsha, na watu bado wanamfuata. Akaenda Ilala na vijana wawili wa miraba minne. Zakayo alikuwepo, amepeleka shukrani ya mchele. Anasema hawakugonga mlango. Sufuria ilipigwa teke, mafuta ya moto yakamrukia bibi miguuni. Vyungu vilipasuliwa kimoja kimoja ukutani. Kijana mmoja akamsukuma, paji la uso likagonga kinu, damu ikamfumba jicho.

Bibi hakulia. Aliuliza kwa sauti ya chini sana.

"Kwa hiyo sasa ni ya nani?"

"Ya mwanangu," Elimringi akasema. "Ukichemsha tena utakwenda jela."

"Sema tena. Hawa wasikie."

"Ya mwanangu. Ya Nice."

Bibi Mboni akajifuta damu. Akafungua banda, akawatoa kuku wake wote nje wajiendee zao.

Wiki hiyohiyo nikaangukiwa na robota la vitenge. Mkono wangu wa kulia ukavunjika katikati ya kiwiko na kiganja. Elimringi, moyo safi kabisa, akaniletea chupa kwa mkono wake. Nikapaka. Maumivu yakaondoka papo hapo. Nikachezesha vidole, nikacheka, nikamwambia kweli shemeji wewe ni kiboko.

Simu yangu ikaita. Alikuwa Celina.

Nice alikuwa amekaa mezani nyumbani kwao Mchafukoge, anakula wali. Hakuanguka. Hakuguswa. Mdogo wangu alisikia kitu kikikatika, kama ukuni mkavu. Kijiko kikadondoka. Mkono wa kulia wa mtoto ukawa unaning'inia.

Daktari alitazama picha ya mfupa. Akaita mwenzake. "Umevunjika," akasema, "ila kuna kipande hakipo."

Chupa zilikuwa zinatoka kama njugu. Mbeya wanataka, Songea wanataka, mpaka ng'ambo ya mpaka. Nice akavunjika mbavu akitazama katuni. Akavunjika unyayo paredi ya shule, jua linawaka, wenzake wanaimba. Kila mara kipande hakipo. Polisi wakaja kumhoji Celina kama anampiga mtoto. Mdogo wangu aliapa mpaka sauti ikakauka. Mtoto mwenyewe aliacha kulia. Alikaa tu, amekodoa macho, anasubiri mfupa utakaofuata.

Zakayo ndiye aliyeninong'oneza. "Dada Caroline. Kule uani Mangi alimtaja mtoto. Mara mbili."

Nikaenda dukani nikamvuta Elimringi shati. Nikamwambia yote. Alinitazama, halafu akazitazama zile chupa rafuni. Picha ya mwanawe ilikuwa inamchekea kwenye kila moja. Akafunga duka, tukaenda kumchukua Nice.

Tulifika Ilala jua la mchana. Nimembeba Nice kwenye khanga, mwepesi mno kwa mtoto wa umri ule. Bibi Mboni alikuwa amekaa kibarazani, miguu ina makovu ya moto.

"Shikamoo, bibi," Elimringi akasema.

Hakuitikiwa.

Akaahidi kumrudishia dawa, kumjengea nyumba, kwenda naye Posta leo leo. Bibi akatema ugoro.

"Siwezi kulipia chupa ambazo sikuzichemsha. Zina jina la mtu. Mwenye jina ndiye anayelipa."

"Nitavunja kuku! Nitavunja kuku mia!"

"Kuku hulipa kabla, na humlipia mgonjwa anayejulikana. Wewe wagonjwa wako unawajua?"

Elimringi akamrukia. Akamkaba koo kwa mikono miwili, akambamiza ukutani, anapiga kelele, itoe, itoe dawa yako kwa mwanangu. Macho ya bibi yakatoka. Mimi napiga mayowe. Hapo nikasikia mlio kifuani kwangu, ndani ya khanga.

Ni mtulinga, mfupa wa bega la Nice. Mahali fulani mtu alikuwa amefungua chupa.

 Nice alinishika tu ushungi.

Elimringi akaachia. Akapiga magoti mchangani, mtu mzima yule, akalia kama mtoto. Bibi Mboni alikohoa mpaka akapata pumzi.

"Dawa inaweza kuhama," alisema. "Kwa njia niliyopewa mimi. Ila ukiichukua, unaichukua na chupa zake zote."

"Na mwanangu?"

"Hatavunjika tena. Kilichokwenda kimekwenda."

Wapo wanaomsema vibaya shemeji yangu mpaka leo. Mimi nilikuwepo. Hakufikiri. Aliweka kidole chake cha mwisho kwenye mdomo wa kinu, akageuza uso. Bibi akachukua mchi.

"Dawa ya nani?"

"Yangu."

"Jina."

"Elimringi."

Mchi ukashuka.

Siku zilizofuata Nice alilala usingizi wa kweli, akaanza kuomba chipsi. Baba yake hakulala. Alipiga simu kila mkoa kuzuia chupa. Watu walimcheka. Nani arudishe dawa inayoponya? Wengine walidhani anataka kupandisha bei.

Akaleta matenga ya kuku dukani. Mchana, mlango wazi, wateja wanapita, yeye anavunja miguu ya kuku mmoja baada ya mwingine, anataja majina yoyote yanayomjia. Kuku wanapiga kelele. Sakafu ina kinyesi na damu. Mimi nikaingia kumzuia. Nikashika mguu wa kuku mmoja sakafuni. Mfupa ulikuwemo. Umevunjika tu, lakini umo.

Naye alijua. Aliniona nimejua.

"Shemeji," alinong'ona. "Funga mlango. Celina asione."

Kilianza kidole gumba. Kikalala chenyewe. Kisha vingine, haraka haraka, kama bisi zikipasuka. Akaegemea kaunta. Paja likakatika, akashuka. Akauma kola ya shati ili asipige kelele, taya likaachia. Mbavu zilikwenda upande mmoja, zikasimama. Tukatazamana. Nikasema labda yamekwisha.

Upande wa pili ukafuata.

Nje mtu alikuwa anauliza bei ya hotpoti.

Mimi na Zakayo tulipomnyanyua, alijikunja mikononi mwetu kama nguo iliyolowa. Hapakuwa na pa kushika. Macho tu yalikuwa mazima, yananitazama. Alikata roho kabla ya alasiri. Tulimsafirisha kwao Machame, na wabeba jeneza waliulizana kwa minong'ono kama kweli kuna mtu ndani.

Bibi Mboni alihama Ilala. Hakuna ajuaye alikokwenda, wala dawa hatukuisikia tena. Nice sasa anatembea kwa gongo moja. Mkono wake wa kulia umebaki mfupi, na katikati, ukigusa, panabonyea.

Mwezi uliopita mkono wangu ulianza kuuma kwa ndani. Si maumivu ya kuvunjika. Ni ya kuvutika. Nikaenda hospitali kupigwa picha. Kijana wa chumba cha picha akaniuliza kama niliwahi kupandikizwa mfupa. Nikasema sijawahi. Akanionyesha kwenye kioo. Mfupa wangu, mzima, wa mtu mzima. Na katikati yake kipande chembamba, cheupe zaidi.

"Hiki ni cha mtoto, mama," akasema. "Na bado kinakua."

Sikumwambia mtu. Wala Celina. Ile picha niliichana, nikaitupa kwenye pipa la taka pale Msimbazi.

Jumapili Nice akaja kula kwangu. Alikula wali wake kwa mkono wa kushoto. Nilipoinama kutoa sahani, akanivuta, akaniwekea mdomo sikioni.

"Mama mkubwa, usiku usiulalie mkono wako. Unaniumiza."