Mama Aliyezikwa Katika Mashairi

Kabla hakujapambazuka, Thirza Copley alikwangua majivu ya jana mekoni polepole, asimwamshe mama yake. Kisha akafunga kofia yake ya kijivu, akatia kipande cha mkate mfukoni, akatoka kwenda karakanani kushona kurasa za vitabu.

London ilikuwa tayari imejaa kelele. Kwenye mtaa wa wauza vitabu kijana alimpiga kikumbo, na karatasi alizobeba kijana huyo zikatawanyika matopeni. Kijana akapiga magoti, akavua kitambaa chake cha hariri shingoni, akazifuta moja moja.

“Utabaki shingo wazi, bwana,” Thirza alisema.

“Shingo itaoshwa. Hizi hazioshiki.”

Aliitwa Crispin Wardlaw, alivaa koti la buluu lenye kola ya mahameli iliyochakaa, na aliandika mashairi. Majira yale yote ya kuchipua walitembea pamoja jioni, na kila mara yeye alitembea upande wa barabara ili matope ya magari ya farasi yamrukie yeye. Alimwita Thirza sindano yangu. Thirza akamwambia aangalie, sindano huchoma.

Ndipo Crispin alipomsimulia utoto wake. Wanawake wa familia zenye hadhi kama ya baba yake hawakunyonyesha wenyewe, kwa hiyo alipelekwa mashambani kwa mwanamke aitwaye Hepzibah. Huko aliishi miaka mitano, akidhani ndiye mama yake. Siku moja gari likaja kumchukua. Alilia wiki mbili, akakataa kula, mpaka baba yake akamwambia Hepzibah amekufa. Akanyamaza. Tangu hapo kila alichoandika kilikuwa maombolezo.

Kitabu cha mashairi yake kikitoka, alimwahidi Thirza, watafunga ndoa. Thirza aliamini, ingawa aliona jambo moja: alipougua homa, Crispin alimlisha supu kwa kijiko siku tatu, lakini alipopona, Crispin akawa baridi kama ukuta.

Vuli ilipofika, karatasi za kitabu chake zililetwa karakanani. Wanawake pale hukunja na kushona kurasa haraka, na hakuna anayetarajia wasome. Thirza alisoma. Mwanzoni alikuwamo Hepzibah kaburini. Kwenye mkunjo wa mwisho alijikuta yeye mwenyewe, kwa jina lake, amelala ndani ya jeneza, mzuri kuliko alivyowahi kuwa. Akapitisha uzi. Alishona nakala thelathini za kifo chake kabla ya saa ya chakula.

Jioni alimuuliza Crispin kwa nini amemuua kitabuni.

“Sikukumbuka kwamba wewe ndiye unayeshona,” Crispin alisema. Kisha, kwa upole, akaongeza, “Aliyekufa haniachi, mpenzi.”

Thirza hakugombana naye. Aliwaza kwamba huenda mtoto yule hakupewa nafasi ya kuaga. Akiletewa ua kutoka kaburini, labda atatulia, aweze kumpenda mtu aliye hai. Jumapili akapanda gari la mizigo mpaka kijiji ambacho Crispin alikuwa amemtajia, akauliza kaburi la Hepzibah liko wapi. Wakamwonyesha mlango wa nyumba yake.

Bibi kizee alikuwa akimenya viazi. Alimpa mgeni kiti pekee chenye mgongo, yeye akakaa juu ya ndoo. Mara tatu, alisema, alitembea kwa miguu mpaka London, na mara tatu aliambiwa getini kwa baba wa Crispin kwamba mtoto hataki kumwona. Shati dogo la Crispin alikuwa bado analo, limepigwa pasi.

Jumapili iliyofuata Thirza alimleta Crispin. Njiani alimweleza yote. Hepzibah alimpapasa uso, akamwekea mkate uliolowekwa kwenye maziwa, kama zamani. Crispin alikula kijiko kimoja. Alimtazama yule bibi mwenye mikono yenye udongo wa viazi na meno mawili, naye akainuka, akatoka nje.

Thirza akamfuata.

“Kitabu kimeshauzwa,” Crispin alisema. “Watu wamemlilia. Usimwambie mtu yeyote kwamba yu hai.”

“Ni hilo tu unalotaka kuniambia?”

“Yule humo ndani simjui.”

“Na mimi, Crispin? Unanitaka nikiwa hai?”

Crispin alifunga vifungo vya koti lake kimoja baada ya kingine, mpaka cha juu. Alisema gari la kurudi litaondoka sasa hivi. Thirza hakusogea. Crispin akaenda peke yake, na kwa mazoea akashika upande wa matope.

Thirza alirudi ndani, akaketi mbele ya bakuli, akaumaliza ule mkate, maana bibi hakuwa na mwingine wa kutupa.

“Amechoka, maskini,” Hepzibah alisema. “Hata alipokuwa mdogo alikuwa hivyo, akishiba hutoka nje. Atarudi?”

“Hatarudi, mama.”

Bibi alilikunja lile shati dogo, akalilaza juu ya magoti ya Thirza, akalinyoosha kwa kiganja.

“Basi uje wewe, mwanangu. Jumapili nitakuwepo.”