Aliyebaki Nyuma Atufuate

Hesabu iligoma pale kwenye sanamu ya mpanda farasi, kituo cha tatu, na hapo ndipo mambo yalipotumbukia nyongo.

Wageni walikuwa kumi na wanane. Kila mmoja alivaa shingoni kadi yenye namba, na kadi hizo mwongoza wageni alizigawa mwenyewe, kwa mkono wake, chini ya mnara wa saa wakati jua linazama. Watu walimwita Kipaza, maana hata bila ile spika aliyoning'iniza begani sauti yake ilifika mtaa wa pili. Kazi yake kila jioni ilikuwa kuwatembeza watu kwa miguu na kuwaonyesha majengo ya kale ya mji yakiwa yamewashiwa mataa: mnara, ngome, sanamu, lango, daraja. Miaka ishirini na miwili alikuwa anaifanya kazi hiyo, na magoti yake yalikuwa yanalalamika kuliko wageni.

"Haya, tuitane," alisema.

Wakaanza. Moja. Mbili. Tatu. Namba zikazunguka sanamu mpaka zikamfikia mwalimu mmoja mstaafu, mwanamke mwenye kofia ya kufuma, aliyesema kwa sauti ya darasani, "Kumi na nane!"

Kipaza akafumbua mdomo ashukuru.

"Kumi na tisa," mtu akasema.

Ilikuwa sauti ndogo, kavu, kama ya mtu aliyeamka sasa hivi na hajapata maji ya kunywa. Watu wawili watatu wakacheka. Kipaza hakucheka.

"Jamani, nani analeta utani? Hebu tuanze upya."

Wakaanza upya, wengine wakishusha pumzi kwa kelele makusudi ili asikie. Moja mpaka kumi na nane. Kisha ile sauti, "Kumi na tisa," na safari hii ilikuwa karibu zaidi. Kipaza akapita akiwahesabu kwa kidole, kichwa kwa kichwa, akapata kumi na tisa. Akahesabu kadi zilizoning'inia vifuani, akapata kumi na nane. Akarudia vichwa, akachanganyikiwa katikati kwa sababu mtoto wa bibi na bwana fulani alihama upande, akasema neno ambalo mwongoza wageni hatakiwi kulisema mbele ya watu.

Mtu mwenye ubao wa karatasi akaandika kitu.

Huyo ndiye alikuwa balaa lenyewe. Alikuwa mkaguzi kutoka ofisi ya utalii, na alikuja jioni hiyo kwa ajili ya Kipaza tu. Mwaka uliopita Kipaza alimsahau babu wa watu ndani ya ngome. Babu alikaa kwenye benchi afunge kamba za kiatu, kundi likaondoka, geti likafungwa, akalala na popo hadi asubuhi. Ofisi ikaleta barua, na barua ikaleta kanuni. Kila kituo wageni waitane namba. Na kabla ya kuondoka popote, mwongozaji ageuke nyuma atangaze kwa sauti kubwa: "Aliyebaki nyuma atufuate, hatumwachi mtu!" Maneno hayo aliyatunga mtu wa ofisini ambaye hajawahi kutembeza hata paka. Lakini kanuni ni kanuni, na hesabu isipotimia kituo cha mwisho, leseni inachukuliwa, basi, Kipaza abaki nyumbani akawasimulie majirani habari za minara.

Kwa hiyo alitangaza kila mahali. Aliyatangaza chini ya mnara wa saa. Jioni hii, kwa sababu ya mkaguzi, akayatangaza hata ndani ya ngome, ambako siku nyingine aliyaruka, katikati ya ua, akiwa ameelekea kisima cha kale chenye mfuniko wa chuma na taa za kijani zinazokimulika kutoka chini. Alipotangaza pale ule mfuniko uligonga mara moja, ko! Akadhani ni chuma kinapoa.

Simu ya upepo ikakoroma kiunoni mwake. Alikuwa mkewe.

Mkewe alitembea nyuma ya kundi, kizibao cha njano cha kung'aa kifuani, ili asiachwe mtu. Kipaza alizoea kuwachekesha wageni kwa hilo. "Mimi shuleni niliongoza darasa," angesema, "ila mke wangu ndiye ameshika mkia kila siku ya Mungu." Mkewe alikuwa na jibu lake. "Mnahesabu kila mtu, na mimi nani ananihesabu?" Naye Kipaza humwambia, "Wewe si mgeni. Wewe nikupotezee wapi?"

Sasa alikuwa ananong'ona. "Baba watoto. Kuna mtu nyuma yangu."

"Mwambie aingie kundini."

"Hunielewi. Kila nikigeuka hayupo. Ila anapumua. Na ananuka, baba watoto, ananuka kama jiwe lililokaa majini. Njia nyuma yangu ina nyayo za maji, za miguu mitupu, na zinanifuata."

"Mama, tafadhali, usinianze. Mkaguzi ananitazama hapa."

"Basi njoo uangalie mwenyewe."

"Nije vipi? Niwaache watu kumi na nane? Au kumi na tisa? Hata sijui wako wangapi!" Akaizima sauti ya simu kwa hasira, halafu akajuta, akaifungua tena.

Wakaenda hadi lango la mji. Huko nako hesabu ikagoma. Kumi na tisa. Mwalimu mwenye kofia akasema ya kwamba sauti ile ilitoka sikioni mwake, kabisa kabisa, na kwamba kama huo ni mchezo wa kuwatisha wageni, yeye hakulipia mchezo. Mtu mwingine akataka kurudi hotelini. Mtoto akaanza kulia akisema mtu fulani kamshika mkono na mkono wenyewe umelowa. Kipaza alihisi kichwa kinampasuka. Tangu ile barua, jioni zote amewatembeza watu hesabu ikatimia, na hii moja, hii moja tu yenye mkaguzi, ndiyo inamfanyia visa!

Fundi wa mataa akamkuta hapo. Fundi huyo aliwafuata kila jioni kwa mbali, akizima taa za mahali walipokwisha kupita, na ndiye mwenye funguo za ngome. Akamvuta Kipaza pembeni.

"Nimesikia wanaitana huku," alisema chinichini. "Ndugu yangu, kule ngomeni ulitangaza wapi?"

"Uani. Kanuni inasema kila kituo."

"Uani wapi?"

"Pale kisimani, kwani vipi?"

Fundi akajishika kichwa. "We bwana we! Wenzako wote hutangaza nje ya geti. Hujawahi kujiuliza kwa nini? Pale ndani hatusemi hata 'twende'. Kuna mwenyewe pale. Umesimama mbele yake ukamwambia aliyebaki nyuma afuate. Sasa amefuata. Unashangaa nini?"

"Sasa nifanye nini?"

"Urudi. Usimame palepale, umwambie ziara yake imeishia hapo, asiendelee. Lakini iwe wewe uliyemwita. Akirudishwa na mtu mwingine hakubali, anatafuta mahali pa kukaa."

Mkaguzi akakohoa. "Mwongozaji, tuna tatizo?"

"Hakuna tatizo, mheshimiwa!" Kipaza akajibu kwa tabasamu ambalo lilimuuma mashavu. Kurudi ngomeni ni robo saa, kwenda na kuja nusu saa. Kuliacha kundi nusu saa mbele ya mkaguzi ni sawa na kumkabidhi leseni mkononi. Akamtazama mkewe, aliyesimama mwisho wa kundi akiwa amejikunyata ndani ya kile kizibao cha njano.

Akamwendea. "Mama, nenda na fundi. Sema hayo maneno, utukute darajani."

"Mimi?"

"Mimi na wewe si kitu kimoja? Akisikia wewe amenisikia mimi."

"Fundi amesema uwe wewe. Nimemsikia." Akamshika mumewe mkono. "Naogopa, baba watoto."

"Na mimi nimechoka! Nimechoka na kisima, na ofisi, na kila mtu leo! Unataka tukale mawe? Nenda!"

Alimtazama kidogo, kisha akageuka akaenda na fundi kuelekea kwenye giza la taa zilizokwisha kuzimwa, na njano ya kizibao chake ikawa inapungua, inapungua, hadi ikapotea kwenye kona.

Kipaza akawachelewesha wageni langoni kwa hadithi ndefu kuhusu bawaba za mlango. Kisha wakaelekea darajani polepole, na kabla hata hawajafika aliona njano nyuma ya kundi. Mkewe amerudi. Mapema mno, lakini nani aliyekuwa na nafasi ya kupima dakika? Alipunga mkono. Naye akapunga.

Darajani taa za bluu zilikuwa zinachezea mawe. "Tuitane," alisema Kipaza. Moja. Mbili. Tatu. Alikuwa anasikiliza kwa mwili mzima. Mwalimu akasema, "Kumi na nane."

Kipaza akangoja. Mto ukapita chini. Hakuna aliyeongeza neno.

"Kumi na nane!" alipiga kelele kama mtu ambaye timu yake imefunga goli. "Mheshimiwa, kumi na nane!"

Mkaguzi akahesabu vichwa mwenyewe, akahesabu kadi, akatia sahihi. Wageni wakarudisha kadi na kutawanyika, wengine bila kuaga. Kipaza hakujali. Alibaki na karatasi mkononi, machozi yakimlengalenga, akamfikiria mkewe na jinsi alivyomfokea, akaona haya.

"Nisamehe, mama," alisema walipokuwa wanatembea kurudi nyumbani. "Leo umeniokoa. Kesho nitakubebea hata hicho kizibao."

Mkewe hakujibu. Ana haki ya kununa, alifikiri Kipaza. Alitembea hatua moja nyuma yake, alivyozoea, na barabara ilikuwa tupu, na taa zilizobaki zilikuwa zinazimwa moja baada ya nyingine, lango, kisha daraja, na katika utulivu ule Kipaza akaanza kusikia kitu ambacho masikio yake yalikuwa yanakisikia tangu darajani lakini akili ilikataa kukipokea, kwamba mkewe alitoka nyumbani na viatu vigumu vya kisigino kifupi vinavyogonga barabara, na hatua zilizokuwa nyuma yake hazikuwa zinagonga, zilikuwa zinalamba lami, chapa, chapa, chapa, na pamoja nazo ilikuja harufu ya jiwe lililokaa majini.

Simu ya upepo ikakoroma kiunoni mwake.

"Baba watoto." Alikuwa analia. "Uko wapi? Fundi amefunga geti. Nilikuwa kisimani, nikamsikia anasema, haya shemeji umeshatoka, akafunga. Sikutoka mimi. Ameona nani akitoka? Nimempigia kelele hasikii. Taa zimezimwa zote. Na huu mfuniko uko wazi, baba watoto, uko wazi na maji yanapanda."

Kipaza akasimama. Nyuma yake hatua nazo zikasimama. Hakugeuka. Njano ilikuwa inang'aa pembeni mwa jicho lake, karibu sana na bega.

"Mama, nakuja," alinong'ona. "Nakuja sasa hivi, usisogee."

"Mlihesabu darajani?"

"Ndiyo."

"Ikatimia?"

Kipaza akaikunja kiganjani ile karatasi ya mkaguzi.

"Nilikuuliza kila siku," alisema mkewe, na maji yalisikika kwenye simu, karibu. "Na mimi nani ananihesabu? Nihesabu basi. Hata mara moja."

Kipaza aliibana simu mdomoni kwa mikono miwili, machozi yakimtiririka, akasema kwa sauti ile iliyowahi kufika mtaa wa pili na sasa haikufika popote:

"Moja."

"Mbili," akajibu aliyekuwa nyuma yake.