Mikono Miwili Ndani ya Mtambo

Fundi Otto Sedlak alikutwa amekufa saa moja asubuhi, amepiga magoti mbele ya mtambo wa kurushia matangazo, mikono yote miwili imezama ndani hadi kwenye viwiko. Fyuzi kuu ilikuwa imeungua. Kituo cha redio cha Pell Creek, Nebraska, ambacho kwa miaka arobaini kiliamka pamoja na jua, siku ile hakikuamka. Ndivyo mji ulivyojua kuna jambo.

"Ajali," alisema Wendell Strother kabla hajaulizwa. "Uzee. Nilimwambia apumzike, hakusikia."

Inspekta Alvin Kudrna aliendelea kuikagua mikono ya maiti. Strother alikuwa mwanzilishi na mmiliki wa kituo, mzee wa miaka sabini na moja, nywele kazipaka rangi ya viatu, sauti nzito aliyoitumia hata kuomba chumvi. Jumamosi sanamu yake ya shaba ingezinduliwa mbele ya mahakama, pamoja na kitabu cha historia ya kituo alichojiandikia mwenyewe na kujisifu mwenyewe. Sura ya tatu kila mtoto aliijua: mafuriko ya 1951, Strother peke yake hewani saa kumi na tisa, maji yakimfika kifuani, akiwaita watu wapande kilimani.

Debe tupu haliachi kuvuma. Lakini Kudrna alikuwa na miaka mitano mwaka ule, na mama yake alimbeba mgongoni hadi kilimani kwa sababu ya sauti ile. Alimdharau mwenye sauti, na alikuwa na deni la uhai kwake. Jambo hilo lilimkera maisha yake yote.

Daktari wa polisi, Pokorny, aliinuka akijikung'uta magoti.

"Kisogo kimepasuka," alinong'ona. "Na majeraha ya moto mikononi hayana wekundu wala malengelenge. Umeme umemkuta keshakufa."

Nje, Marlys Tichy, mtangazaji na mpokea simu wa kituo, alikuwa akilia bila sauti. Ndiye aliyemkuta.

"Bi Marlys, kuna kitu hakiko sawa mle ndani?"

"Mikono."

"Ina nini?"

"Otto hakutia mikono miwili mle hata siku moja. Wa kushoto ulikaa mfukoni. Mafundi wa zamani wote hivyo. Umeme ukiingia mkono huu ukatokea ule, unapita moyoni. Hata akiwa anakula andazi la kolache, mkono mmoja mfukoni. Tulikuwa tunamcheka."

"Strother anaijua desturi hiyo?"

Marlys alifuta pua. "Yule? Hata swichi ya taa huwa anawashiwa."

Kudrna alirudi kwenye kibanda cha mtambo. Kando ya mlango daftari la mtambo lilining'inia kwenye kamba. Sheria ilitaka fundi aandike vipimo. Otto aliandika kila kitu, hata ndege waliotua juu ya mnara. Inspekta alisoma mstari wa mwisho mara mbili, akaenda studio, ambako kabati la vioo lilikuwa tupu na Strother alikuwa ameketi na mkoba mapajani, ameukumbatia.

"Alvin, mwanangu, tumalize haya. Nina hotuba ya kuandaa."

"Niite Inspekta. Leo ulikwenda kibandani saa ngapi?"

"Sijakanyaga kule miaka kumi. Yale ni mambo ya mafundi."

"Naamini huyajui. Maikrofoni yako ya kwanza, ile ya chuma inayokaa kwenye kabati la vioo, iko wapi?"

"Imepelekwa kung'arishwa."

"Na nani?"

Strother aliuvuta mkoba kifuani.

Kudrna akafungua daftari. "'Saa kumi na moja na nusu asubuhi. Mtambo baridi. Bwana Strother ameingia. Anataka daftari la 1951. Nimekataa.' Mwandiko wa Otto, tarehe ya leo. Umeua mtu mbele ya kitabu chake, Strother, na hukujua hata kwamba anaandika. Lete mkoba."

Ndani ya mkoba mlikuwa na maikrofoni, damu imekauka kwenye wavu wake, na daftari kuukuu lenye alama za maji. Kudrna alisoma kurasa mbili akiwa amesimama. Kisha akalifunga.

"Ulikimbia," alisema.

"Nilirekodi onyo! Sauti ni yangu."

"Ulirekodi, ukapanda gari, ukaondoka. Sahani ya santuri ilikuwa ya dakika tatu tu. Nani alirudisha sindano mwanzo wa sahani kwa saa kumi na tisa?"

Strother alinyoosha mkono alinyakue daftari; Kudrna akalisogeza.

"Kwa nini sasa?" aliuliza Kudrna. "Otto alinyamaza miaka thelathini na sita. Alitaka sanamu?"

"Sanamu!" Strother alicheka kwa dharau. "Alitaka mstari mmoja. Jina la mkewe. Mimi nimeandika alikufa usingizini, nyumbani. Nilimwambia, nikimtia Hedvika, watu watauliza alikuwa anafanya nini pale, na mume wake je, na mimi je. Akasema atatoa daftari lisomwe hewani. Fundi! Mtu asiyejua hata kusalimia watu!" Sauti nzito ilimpasuka. "Nikampiga. Mara moja tu."

"Kwa mstari mmoja."

"Ni jina langu, Alvin."

Kudrna alimfunga pingu, mikono nyuma. Aliwahi kukamata walevi na wezi wa ng'ombe, na wengi aliwaonea huruma. Huyu hakuona pa kumhurumia.

Saa tatu na nusu, wakati wa matangazo ya vifo, maiti na ushahidi vilikuwa vimeshaondolewa, isipokuwa daftari la 1951, ambalo Kudrna alimwachia Marlys kwa muda. Marlys, ambaye Otto alimfundisha, alibadilisha fyuzi, mkono wa kushoto ukiwa mfukoni. Garini, njiani kuelekea mahabusu, redio ya Kudrna ilikoroma, ikaamka.

"Nasoma kama lilivyoandikwa," ilisema sauti ya Marlys. "'Saa mbili na dakika kumi. Bwana Strother ameondoka. Ninarudisha sindano.'"

"Zima," alisema Strother kutoka kiti cha nyuma.

"'Saa sita. Hedvika ameleta mafuta ya jenereta kwa mashua. Saa saba. Amerudi kuchukua mengine.'"

"Alvin, nakuomba. Mji mzima unasikia."

Inspekta aliongeza sauti. Strother alijipinda apate kuziba masikio, lakini mikono yake miwili ilikuwa nyuma.

"'Saa nane. Hedvika hajarudi. Ninarudisha sindano.'"