Wasahau Kabisa Kama Nipo

Mdogo wangu, kitindamimba wetu, alitengeneza filamu za maisha ya watu. Hakuuliza maswali, wala hakumpanga mtu. Alikaa kona moja na kamera yake kutwa nzima, mpaka watu wamzoee na kuendelea na shughuli zao. Nilikuwa nikimtania kwamba huo ni umbea uliokwenda shule.

Mwaka huo alihamia na kamera kwenye duka la dobi, mtaa wa nyuma yetu. Wiki ya kwanza ilimshinda. Kila mteja alirekebisha kola, akaichekea kamera. Dobi, mama mmoja mkimya, alimwuliza huku akipiga pasi:

"Kwani unataka nini hasa, mwanangu?"

"Wanisahau tu, mama. Wasahau kabisa kama nipo."

"Kabisa?"

"Kabisa."

"Haya. Vua hilo shati nikunyooshee."

Mdomo uliponza kichwa.

Kesho yake alirudi anacheka. Hakuna aliyemtazama hata mmoja! Akanionyesha picha: majirani wanateta, mzee anasinzia mdomo wazi, wote huru kabisa. Nikampongeza. Siku ya tatu mteja akaja akamkalia mapajani, akasoma gazeti mpaka akamaliza. Hapo hakucheka tena.

Ijumaa mchana, nyumbani, mama yetu alipakua chakula. Sahani mbili.

"Na mwanao je?" nikamwuliza.

"Mwanangu si wewe? Kwani nina mwingine?"

Mdogo wangu alikuwa amesimama mbele yake. Anamwita. Machozi yanamtoka. Mama akapitisha mkono pembeni yake, akachukua chumvi.

Nikamkokota mdogo wangu hadi kwa dobi, nikapiga magoti.

"Mama, nakusihi. Mrudishe alivyokuwa."

Dobi akaweka pasi chini. Akatazama kulia. Akatazama kushoto.

"Nani?"

Hakuwa akitania. Hata yeye alikuwa amesahau.

"Dada, usiniachie mkono, usije nawe ukanisahau," mdogo wangu alininong'oneza njiani.

Nikaapa. Siku tatu nilimshika, tukila, tukilala. Siku ya nne, barabarani, nikamwachia nifunge kamba ya kiatu. Nilipoinuka nikashangaa kwa nini nimesimama pale, na kwa nini nalia.

Nikaenda zangu nyumbani.

Haya yote yamenirudia leo asubuhi tu. Nimekuta kamera sebuleni, imesimama kwenye miguu yake mitatu, taa nyekundu inawaka. Nikatazama yaliyomo. Alikuwa amerekodi kila kitu, hata zile sahani mbili. Sura yake haimo popote, na mimi imeshaanza kunitoka.

Picha ya mwisho ni ya jana. Ninafagia sebule. Nyuma ya kamera sauti inaita, "Dada." Nafagia. "Dada, ni mimi." Nafagia. Mara ya tatu inaita kwa kilio, na hapo nainua kichwa. Nasogea karibu, naitazama kamera uso kwa uso.

Kisha nachukua kitambaa, naifuta vumbi.