Mfuko wa Tende

Nyumbani kwa akina Salima, asubuhi ilianza kwa kelele kabla ya chai. Salima alikuwa na miaka kumi na mitatu, mdogo wake wa kike, Marsel, kumi na mmoja, na hawakupatana hata kidogo. Siku hiyo waligombania kitana. Marsel aling'atwa bega, Salima akapigwa kiatu cha uso. Majirani zao wa Baghdad walishazoea.

Pasaka ya Kiyahudi ilikuwa imekaribia, na silani, ile asali ya tende, haijapikwa. Mama yao alikuwa ametoka kujifungua, na vidole vya Bibi Tufaha, mama wa baba yao, vilikakamaa kwa baridi yabisi. Tende zote za nyumba zilikuwa kwenye sufuria moja. Zikiharibika, sikukuu ingefika meza haina silani.

"Mtakamua ninyi," alisema Bibi. "Kaeni kwa adabu, za moto hizo."

Akamimina nusu ya tende zilizochemka katika mfuko wa kitambaa, juu ya beseni. Kila msichana akashika ncha yake, wakasokota, huyu kulia, yule kushoto. Maji meusi yakatiririka.

"Sokota basi. Au mikono hiyo ni ya kubembelezea paka?" Salima alimchokoza.

"Afadhali paka kuliko uso uliokula kiatu."

"Nitakung'oa meno."

Marsel akaachia ncha, kwa makusudi. Mfuko ukafumuka, tende za moto zikamrukia Salima mkono mzima mpaka kiwikoni. Alipiga yowe, kisha kwa mkono uliobaki akamtandika mdogo wake mwiko wa paji la uso. Damu ikadondokea beseni. Chakula chenye damu hakiliki katika nyumba ya Kiyahudi, kwa hiyo nusu hiyo ikawa ya kumwagwa.

Bibi alimburuta Salima hadi kwenye pipa, akautumbukiza mkono majini.

"Nipake mafuta, Bibi, nakufa."

"Hufi. Maji baridi kwanza, tena ya kutosha. Mafuta yanafungia moto ndani."

Baba yao akaingia, akalipiga beseni teke. "Mama, si nilikwambia kitambaa hicho kimechakaa? Umemuunguza mtoto!"

Bibi aliendelea kuushikilia mkono wa Salima majini. Marsel, damu ikimtoka, alimwona bibi yake akifokewa kwa kosa lisilo lake, na moyo ukamuuma kuliko jeraha.

"Si kitambaa, Baba. Niliachia mimi. Nilitaka aungue."

Baba akainua mkono. Bibi akaudaka hewani.

"Kipigo kimetosha leo. Tende nyingine zimo sufuriani. Watakamua."

"Na huyu? Ataniachia tena," alisema Salima.

"Labda. Lakini amesema kweli wakati uongo ungemfaa."

Walisubiri tende zipoe, huku Bibi akiliosha beseni na kumfunga Marsel jeraha. Salima alishika ncha kwa mkono mmoja, akiitazama mikono ya mdogo wake. Marsel akasokota. Jasho lilimtiririkia jichoni, hakuachia.

"Hasira hasara, mnaiimba kila siku," Bibi aliwaambia silani ilipokuwa ikichemka. "Leo mmeiona. Kumpiga ndugu yako unaweza peke yako. Kukamua huwezi, mpaka mwenzako akuamini, na imani hiyo huanza kwa kusema kweli."

Sikukuu ilipofika, silani ilijaa bakuli dogo tu. Marsel alichovya mkate usiotiwa chachu, akamnyooshea dada yake aliyefungwa mkono. Salima alimtazama machoni kwa muda mrefu, kisha akafungua kinywa alishwe.